Miaka Thelathini na Tatu Nyuma ya Pazia: Mchaguzi Wetu wa Amplifaya Anapumzika

Ijumaa tarehe 27 ya mwezi huu, saa kumi na moja jioni, mwenzetu tunayemwita Mzee Pazia atavua koti lake la kijivu, atalitundika kwenye msumari ulio nyuma ya mlango wa chumba cha kusikilizia, na hatalivaa tena. Siku hiyo atakuwa ametimiza miaka thelathini na tatu na miezi miwili katika duka hili la vyombo vya muziki. Mimi nimepewa heshima ya kuandika wasifu wake. Bosi alisema ananichagua kwa sababu nina maneno mengi. Sikubishana naye. Sifa ikikujia, unaifungulia mlango.

Wageni watakaokuja kwenye sherehe bila kutufahamu, karibuni. Sisi tunauza na kutengeneza redio, spika, mashine za santuri na amplifaya za nyumbani. Amplifaya ni lile boksi linalopokea muziki mwembamba kutoka kwenye santuri au simu, likaupa misuli ya kusukuma spika. Zipo kubwa za kumbi, na zipo ndogo za kipande kimoja, ambazo kila kitu kimo ndani ya boksi lisilozidi kasha la viatu. Hizo ndogo ndizo ufalme wa Mzee Pazia. Mimi ni wa kaunta ya mbele. Nimeuza saa, nimeuza viatu, nimevuka mipaka mitatu nikiuza mabegi ya safari, na kaunta hii nimeishika miaka kumi na tisa. Katika mji huu hakuna mwuzaji anayenizidi mdomo. Anayenizidi masikio ni mmoja tu, naye ndiye huyu anayeondoka.

Alianza kazi hapa kama mpakuaji wa mizigo. Atoe boksi kwenye lori, alipeleke stoo, basi. Wiki yake ya tatu alikatiza chumba cha maonyesho na boksi begani, wakati marehemu mwenye duka, baba yake Bosi wetu wa sasa, akimpigia mteja santuri. Mpakuaji akasimama. "Samahani, mzee," akasema, "humo ndani mna nyuki." Watu wakatazama dari, wakatazama dirisha. Nyuki hakuonekana. Kulikuwa na mvumo mdogo tu kwenye spika, kwa sababu waya mmoja wa mashine ya santuri ulikuwa umelegea huko nyuma. Mwenye duka alikuwa ameishi na mvumo huo miezi minne na hakuwahi kuusikia. Kesho yake mpakuaji akapewa koti la kijivu, na lori likatafutiwa mbebaji mwingine.

Jina la Pazia lilikuja baadaye, kwa mkono wa dereva mmoja wa malori, mtu wa kifua kipana na sauti ya kuamrisha. Alitaka amplifaya ya sebuleni. Akanyoosha kidole, "Nipe ile yenye taa za buluu, inayowaka kama uwanja wa ndege." Mzee, ambaye wakati huo hakuwa mzee, akamwomba afumbe macho asikilize tatu tofauti. Dereva akafumba jicho moja. Akaambiwa afumbe yote mawili, akawa anachungulia kama mtoto kwenye mchezo wa kujificha. Mzee akaona mambo hayaendi. Alirudi nyumbani akamwomba mkewe, fundi cherehani, amshonee pazia zito la kahawia, akalitundika katikati ya chumba cha kusikilizia: huku kiti cha mteja, kule amplifaya. Dereva aliporudi alisikiliza mara tatu, na mara zote tatu akapenda ile ya pili. Pazia likafunguliwa. Ya pili ilikuwa ndogo kuliko zote, ya kijivu, haina taa hata ya kusingizia.

"Hiki kijisanduku?" dereva akang'aka.

"Ndicho ulichokichumbia mara tatu," Mzee akamjibu. "Sasa unataka kumkimbia bibi harusi?"

Alikibeba kwapani akaondoka nacho. Miaka kumi na mmoja baadaye binti yake alikuja kununua cha kwake, akaenda moja kwa moja kwenye kiti, akakaa, akasema baba kamwagiza asiangalie kitu.

Tangu hapo ikawa ndiyo desturi ya nyumba hii. Mteja aje na wimbo anaoujua yeye, tena ule anaouimba akiosha vyombo, si ule wa kutuonyesha kwamba ana akili. Sauti za amplifaya zote zilinganishwe kwa kipimo kabla ya kuanza, maana ikipanda moja kidogo tu, mtu atadhani ndiyo tamu. Mzee alipenda kusema, "Anayepiga kelele zaidi hudhaniwa ana hoja," na kila alipolisema hilo alikuwa akinitazama mimi. Sijui kwa nini.

Kisha yakaja maswali. Jamani, maswali yake yalikuwa ya baba mkwe. Sebule ina hatua ngapi? Chini kuna zulia au sakafu tupu? Spika utaziweka wapi? Amplifaya itakaa kwenye rafu ya wazi au kabatini? Nani analala ukuta wa pili, na anaamka saa ngapi? Mteja amekuja kununua chombo, anajikuta anaeleza maisha yake yote. Mmoja, mwalimu wa shule ya msingi, alilalamika kwamba amplifaya yake imezeeka, inaguna kama mtu mwenye mafua. Mzee akamfuata nyumbani na futi mkononi. Akakuta spika zimesukumwa pembeni nyuma ya makochi, zinaimbia ukuta. Akazivuta mbele, akazipandisha juu ya vigoda viwili zikafika usawa wa sikio la mtu aliyekaa. Mwalimu akasikiliza wimbo mmoja, akasema neno moja, "Kumbe!" Mzee akarudi dukani mikono mitupu. Marehemu mwenye duka akamvaa, "Wewe nimekuajiri uuze au uhubiri?" Mwezi uliofuata walimu sita wa shule ile walikuja, wanamtafuta "yule mhubiri".

Na mimi niseme yangu, maana ukificha aibu yako wenzako watakusemea. Mwaka wangu wa kwanza nilimwuzia kinyozi mmoja amplifaya kubwa kuliko meza yake. Nilimhesabia wati kama mvuvi anavyohesabu samaki waliomponyoka. Wati mia, nikasema. Akasisimka, nikamwambia mia na hamsini. Baada ya siku nne alinipigia simu, sauti juu, "Bwana we, chombo chako kinazima katikati ya kazi! Nina mteja hapa kanyolewa upande mmoja, anagoma kuendelea hadi wimbo urudi!" Nikamwambia umeme wake mbovu. Mzee Pazia alinisikia, hakunisema mbele ya watu. Alichukua kofia yake tukaenda wote. Ile amplifaya nilikuwa nimeisukumia ndani ya kabati lililobana pande zote, na kwa joto lake ungeweza kuchemshia chai. Mzee akaweka kiganja juu yake, akakiondoa haraka. "Hiki nacho kinapumua," akaniambia. "Ungependa wewe uimbe umefungiwa sandukuni?" Tulimbadilishia akapata ndogo ya wati arobaini, ikakaa juu ya rafu na nafasi ya ngumi moja kila upande. Duka la kinyozi lina hatua tano kwa nne. Wati arobaini zilimtosha na chenji ikabaki. Kuanzia siku hiyo mimi huuza kwa hatua za chumba. Wati nazitaja kama mteja akiniuliza, tena nazitaja zilivyo.

Alifundisha watu tisa katika chumba kile. Wawili wana maduka yao sasa. Ana cheti kimoja tu cha mfanyakazi bora. Alikikunja mara nne akakiweka chini ya mguu wa spika iliyokuwa inayumba, na spika haijayumba tena. Likizo alikuwa akichukua nusu. Hasira nimemwona nayo mara moja, siku mteja alipomwambia kwamba muziki ni muziki tu. Alitoka nje, akasimama mbele ya duka la miwani la jirani kama dakika kumi, akarudi, akasema, "Haya, kaa tusikilize."

Sasa nifike kwenye jambo lenyewe. Nimemwomba ruhusa nilieleze, naye kanijibu, "Andika, lakini andika na kwamba la kulia ni zima."

Alipotangaza kustaafu, miaka miwili kabla ya muda wake, sisi wafanyakazi tulikaa tukakubaliana kumpa zawadi. Mganga hajigangi: mtu huyu aliyeichagulia nusu ya mji amplifaya, nyumbani kwake alikuwa na redio ya mezani yenye spika moja iliyopasuka. Kila alipojiwekea amplifaya, ilitokea shemeji, mpwa au jirani mwenye harusi, ikaondoka. Kwa hiyo tukasema, safari hii anapata ya kwake na hakuna mpwa atakayeigusa. Mimi nilishikilia apewe ile yenye mishale miwili inayocheza ndani ya kioo. Ni nzuri, inapendeza machoni, na ningeipigia picha nzuri sana. Bosi akanikata, "Umekaa naye miaka kumi na tisa bado unachagua kwa macho? Tumfanyie kama anavyowafanyia watu."

Basi Jumatatu moja asubuhi, kabla ya kufungua duka, tukampanga. Amplifaya tatu ndogo nyuma ya pazia, sauti zimelinganishwa na Dada Risasi. Huyu ndiye fundi wetu wa ghorofani. Jina lake limetokana na risasi ya kuchomelea nyaya, ya bunduki haijui. Tukamkalisha Mzee kwenye kiti cha wateja, kilicho katikati ya spika mbili, moja karibu na kila sikio. Akacheka sana. Akasema leo mchinjaji ndiye mbuzi. Tukaweka ile santuri anayotumia siku zote, ya bendi ya magitaa mawili: gitaa la kwanza linatokea spika ya kushoto, la pili linatokea ya kulia, na mwanamke anaimba katikati.

Amplifaya ya kwanza ikaimba. Mzee akainamisha kichwa. "Nzuri," akasema, "ila gitaa la kwanza mmelipeleka wapi?"

Tukacheka. Nikajua ananitania mimi. Nikaenda nyuma ya pazia, nikakagua nyaya, ziko sawa. Ya pili ikaimba. "Nayo nzuri. Lakini gitaa la kwanza silisikii. Nani kafunga nyaya hizi, wewe wa kaunta?" Nikamwapia kwamba safari hii si mimi. Watu wakazidi kucheka. Dada Risasi peke yake hakucheka. Aliingia nyuma ya pazia, akabadilisha nyaya, ya kushoto akaipeleka kulia na ya kulia kushoto, akarudisha santuri mwanzo.

Mzee akatabasamu. "Eeh, hapo! Gitaa la kwanza limerudi." Akasikiliza kidogo. Tabasamu likaanza kupungua. "Sasa la pili nalo limekwenda wapi?"

Hapo hakuna aliyecheka tena. Sote tulikuwa tunayasikia magitaa yote mawili. Mzee akatutazama mmoja mmoja, na akaelewa kuwa tumeelewa.

"Haya, wanangu," akasema. "Mmenikamata kwa mtego wangu mwenyewe."

Sikio lake la kushoto lilikuwa limezima karibu miaka miwili. Aliamka siku moja halipo, kama taa iliyokatwa. Daktari wa masikio alimwambia ni mshipa wa ndani na haurudi. Alimweleza Bosi peke yake, ambaye hakudhani kiti cha wateja kingemfichua, na ndiyo sababu ya kustaafu mapema: alisema mtu hawezi kukaa kwenye kiti cha hakimu huku anasikia upande mmoja wa kesi. Alitaka kuondoka siku ile ile; Bosi ndiye aliyembembeleza akakaa karibu miaka hiyo miwili. Na sasa nasema kitu ambacho kilinifanya nikune kichwa. Miaka hiyo miwili ndiyo ambayo hakuna amplifaya hata moja ya chumba chake iliyorudishwa na mteja. Aliacha kusema "hii ndiyo nzuri". Alianza kuuliza, "Wewe unasikia nini?" kisha akaamini jibu analopewa.

Lakini tulipomwambia tuendelee kumchagulia, alikataa. "Msiharibu chombo kizuri kwa sikio moja," akasema. "Santuri zimegawanywa kushoto na kulia. Nikikaa nazo napata nusu ya wimbo. Afadhali redio yangu iliyopasuka. Ile walau inanipa vyote kwa mdomo mmoja." Akainuka, akavaa koti lake, akaenda kufungua mlango wa wateja.

Mimi ni mtu wa mizaha. Nimezika watu wawili nikiwafanya waombolezaji wacheke. Siku ile mzaha ulinikauka. Mtu ametoa nyimbo nzima kwa maelfu ya watu, halafu aende nyumbani akae na nusu?

Dada Risasi alinifuata kaunta. Akanieleza kwamba zamani amplifaya zilikuwa na kitufe cha mono. Ukikibonyeza, kushoto na kulia vinachanganyika kuwa kimoja, na kila spika inatoa wimbo wote. Mtu mwenye sikio moja hakosi kitu. "Tafuta ndogo yenye kitufe hicho," akaniambia. "Si unajifanya unajua kila katalogi?"

Najifanya, na najua. Nikapiga simu kwa wasambazaji wote tunaonunua kwao, na wengine tusionunua kwao. Wananiambia hii ina rimoti, hii inaongea na simu yako bila waya, hii ina kioo kinachoonyesha picha ya mwimbaji. Nikiuliza mono, wananirudisha kwenye rimoti. Watengenezaji wamekiondoa kile kitufe kama mtu anayepunguza viti sebuleni kwa kuwa wageni siku hizi hawaji. Msambazaji mmoja kijana alinicheka, "Mono, mzee? Wewe unaishi karne gani?" Nikamwambia naishi karne ya watu wenye sikio moja, na yeye kwa sauti anayofungulia vile visikilizio vyake vya masikioni, ninayoisikia hata simuni, anakuja mbio kutukuta.

Wiki mbili nimetafuta, nimerudi kwa Dada Risasi mikono mitupu. Akavuta droo, akatoa swichi moja ndogo na vipande viwili vya resista, vile vya kupunguza umeme, vyembamba kama punje za mchele. "Basi tutakitia wenyewe," akasema. Tatizo ni kwamba kukitia kunataka kufungua amplifaya mpya, kuvunja muhuri wa kiwanda na kutoboa uso wake. Waranti, ile dhamana ya kiwanda, inakufa hapo hapo. Katika duka hili kutoboa chombo kipya ni kama kukata kitambaa cha bwana harusi bila kumpima. Tukapanda kwa Bosi tukiwa tumejiandaa kwa hotuba. Mimi nilikuwa na hoja saba. Nilikuwa nimefika ya pili Bosi akainua macho kwenye karatasi zake, akasema, "Toboa."

Ikabaki kuchagua ipi. Tukaenda nyumbani kwake, yeye akiwa kazini, kupima rafu. Mkewe alitukaribisha. Sebule ni hatua sita kwa nne, kuna zulia, kuna cherehani dirishani, na rafu iko kati ya kabati na mlango. Dada Risasi akapima. Mimi, kwa kutaka kumwandaa shemeji taratibu, nikaanza kuzunguka: kwamba umri unakuja na mengi, kwamba masikio nayo ni kama vyombo...

"Shemeji, sema tu sikio la kushoto," akanikatiza. "Unadhani sijui?"

Nikabaki na mdomo wazi, na wanaonijua watakwambia hilo ni nadra. Akatuonyesha cherehani. Miaka yote ilikaa upande wa pili wa chumba, kushoto kwa kiti cha mumewe. Tangu mwaka jana ameihamishia kulia. Alimwambia mumewe kwamba mwanga wa upande huu ni mzuri zaidi kwa kushona. "Nilimwita mara nne siku moja, nikadhani kiburi cha uzeeni kimeanza," akasema. "Mara ya tano nikapita kulia, akaitika kama mtoto. Nyinyi mnajua kusikiliza redio. Mimi namsikiliza mume wangu." Akaongeza kuwa tukithubutu kumwambia Mzee kwamba anajua, hatutakunywa chai kwake tena. Baadaye aliiondoa marufuku hiyo yeye mwenyewe, vinginevyo nisingeandika.

Tulipotoka pale, uchaguzi ulikuwa umejichagua. Ile yangu ya mishale ilikufa mapema: haikuingia kwenye rafu, na uso wake wote ni kioo, ungetoboa wapi? Ya pili ilikuwa na nguvu, lakini ukiipunguza sana upande mmoja unazama kabla ya mwingine, na fundi cherehani anapiga simu za wateja mchana kutwa. Muziki wa nyumba ile lazima uwe mtamu ukiwa mdogo. Ya tatu ndiyo ilibaki. Wati thelathini na tano. Ina mahali pa kuchomeka mashine ya santuri bila kuongeza kijisanduku kingine. Ikifanya kazi saa tatu unaweza kuiwekea kiganja bila kukitoa. Na kulia kwa kitufe cha sauti ina nafasi tupu, kama vile aliyeichora alikumbuka kitu akakisahau tena.

Dada Risasi alitoboa. Mimi nilishika. Naomba iandikwe katika kumbukumbu za duka kwamba tundu lile limekaa upogo kidogo, na kwamba aliyepiga chafya ni mimi.

Jumamosi iliyopita asubuhi mkewe alimleta dukani kwa kisingizio cha kununua waya wa kurefusha umeme. Tukamwomba akae kitini mara moja tu. Alikuwa mzito. "Nimewaambia, wanangu, mniache," akasema. Mkewe akamwambia, "Kaa, baba, miguu yangu inauma, ukisimama na mimi nasimama." Akakaa. Tukaweka santuri ile ile ya magitaa mawili. Gitaa la pili likaja, mwanamke akaimba, na Mzee akawa ameinamisha kichwa kwa adabu, kama mtu anayesikiliza hotuba anayoijua. Nyuma ya pazia Dada Risasi akabonyeza.

Nilikuwa nimesimama mahali pa kumwona uso. Kichwa kilinyanyuka. Vidole vyake vya kushoto vikaanza kutembea juu ya goti, vikifuata lile gitaa la kwanza, noti kwa noti, kila mkunjo, hakukosea hata mmoja, na macho yalikuwa yamejaa. Wimbo ukaisha. Akaomba urudiwe. Ukaisha tena. Akaomba tena. Mara ya tatu akamshika mkewe mkono, akakivuta kiti alichokalia mkewe karibu naye, upande wa kushoto. Kisha akakumbuka, akaanza kuhangaika kumzungusha, na mkewe akamwambia, "Tulia. Hapa leo sina la kukwambia."

Alipoenda mwenyewe kufungua pazia, aliona tundu. Akapitisha kidole. "Nani kashika?" akauliza. Watu wote wakanionyesha mimi, hata mteja aliyekuwa ameingia kununua betri.

Wasifu huu nimemsomea rasimu yake, sikio la kulia. Ameniondolea aya mbili zinazomsifu na kuniachia zote zinazonicheka. Ametaka tu niongeze kwamba vijana watakaokikalia chumba kile wasiache kulinganisha sauti kwa kipimo, na wasimwambie mtu asikie nini.

Mzee Pazia, kaka yangu, mwalimu wangu ambaye hukuwahi kunipiga ingawa sababu ulikuwa nazo: asante kwa kila chumba ulichokipima kwa hatua zako. Asante kwa wale uliowarudisha nyumbani bila kununua. Asante kwa siku ya kinyozi, uliponinyamazia mbele ya watu ukanifundisha tukiwa wawili. Shemeji, tunakukabidhi mtu wako na chombo chake. Akija mpwa yeyote kukiazima, tupigie, tuna watu wenye vifua. Sisi tuliobaki tunakuombea afya, usingizi wa mchana usio na kengele ya mlango, na uzee wa kukaa na umpendaye. Na nyimbo, Mzee, kila siku ya maisha yako, nzima nzima.